Mzuka Ataka Kazi ya Mchana

Jumanne, 4 Juni

Nimekufa tena leo. Safari hii nimeporomoka ngazi za hekalu, nikavunjika shingo, nikafufuka, nikatambaa. Mwongozaji kasema Tokyo nzima hakuna mwanamke anayetambaa kama mimi. Nikashukuru. Ningesema nini? Wenzangu wanajulikana kwa macho yao. Mimi najulikana kwa viwiko.

Mchana mama kapiga simu kutoka kwetu Akita. Tangu avunjike nyonga yuko kwenye makao ya wazee, na kila baada ya chakula hukusanywa wote ukumbini kutazama ile tamthilia ya mgahawa wa tambi. Mama kajitapa kwa wenzake kwamba binti yake ni mwigizaji. Wakamwuliza, anaigiza nini? Masikini. Hajawahi kumaliza filamu yangu hata moja. Jirani zake ndio wamekuwa wakimpa habari: tulimwona Mitsue jana, kafa tena, pole sana.

Ombi lake ni dogo. "Mwanangu, nikuone siku moja tu u mzima, mchana kweupe, unapika kitu."

Na kumbe! Tamthilia hiyo hiyo inatafuta mke mpya wa mwenye mgahawa. Awe mchangamfu, awe na mashavu. Usaili ni wiki ijayo. Nafasi hiyo ni yangu. Mashavu nitayatafuta.

Alhamisi, 6 Juni

Nimekata nywele. Zote! Miaka yote hii zilinifika kiunoni na kunifunika uso, sasa zinaishia shingoni na zina mawimbi. Nimejitazama kiooni, nikaona mwanamke anayeweza kwenda kununua vitunguu bila watu kukimbia.

Nikaenda kumwonyesha meneja wangu, Bwana Hatakeda. Kakaa chini. Si kitini, sakafuni. Kasema nywele zile ndizo zilizokuwa zikitulisha sote wawili, na kwamba yeye ana watoto. Nikamwambia nywele huota. Akaniuliza kama zitakuwa zimeota kufikia kesho asubuhi, maana kesho tunapiga picha za kinamasini.

Hilo sikulifikiria.

Ijumaa, 7 Juni

Wigi. Kinamasi. Nimetoka majini polepole kama ninavyojua mwenyewe: mkono, mkono wa pili, kichwa. Wigi likabaki majini. Mzuka akasimama mbele ya kamera na mawimbi ya saluni! Mpiga picha kacheka mpaka kamera ikatazama mbinguni. Kazi yote hii sijawahi kumchekesha mtu, na siku niliyochekesha, mwongozaji kanifokea.

Hilo si baya kuliko yote. Orihara Yurie, binti anayeigiza mdogo wangu wa kuzimu, kanifuata chumba cha kubadilishia nguo macho yakimng'aa. "Dada, na mimi nimeitwa kule kwa tambi!"

Nikamkumbatia. Nilibakiza kidogo tu nimvunje mbavu.

Yurie ana mashavu.

Jumamosi, 8 Juni

Nimefanya mazoezi ya kucheka. Muuza samaki wa sokoni kwetu kanitania kuhusu ngisi wake, nikaona hii ndiyo fursa, nikacheka kwa moyo wote. Mtoto wa mteja mmoja akaangua kilio. Muuza samaki akaniuliza kwa upole ninataka nini hasa, kisha akanifungia samaki wawili akasema nichukue tu, niende salama.

Basi, mbinu nyingine. Nimemwalika Yurie chai. Nikamnong'oneza siri: Bwana Nomaguchi, mwongozaji wa ile tamthilia, hawawezi kabisa wanawake wachangamfu. Aliumizwa na mmoja wa Osaka, nikasema, mpaka leo akisikia kicheko anashika kifua. Ukienda, nenda kimya. Nenda kama uliyefiwa.

Yurie kaniinamia mpaka paji la uso likagusa meza. Kasema hajui alifanya wema gani hata akapewa dada kama mimi. Dhamiri ikanikaba kidogo. Nikaishushia kwa chai.

Jumatano, 12 Juni

Usaili. Jaribio lilikuwa jepesi: pokea mteja, mwandalie bakuli la tambi, mwambie karibu.

Nikaingia mimi. Nikachangamka! Nikacheka nikipokea, nikacheka nikipakua. Msichana wa vipodozi kaangusha brashi. Bwana Nomaguchi karudisha kiti chake nyuma, kisha akakirudisha nyuma zaidi. Akasema asante, ametosheka. Nikamwuliza kama nionyeshe kicheko kingine. Akasema hapana, hapana, kwa haraka sana.

Akaingia Yurie. Hakusema neno. Akaliweka lile bakuli mezani mbele ya kiti kitupu, taratibu, akalifuta ukingo kwa kidole, kama anamwandalia mtu anayejua hatarudi. Kisha akasema karibu, kwa sauti ndogo.

Bwana Nomaguchi akatoa leso. Mwandishi wa tamthilia akaiazima. Na mimi nilikuwa nalia nyuma ya mlango, mjinga mimi, nalia kama mtoto.

Ijumaa, 14 Juni

Bila shaka. Wamempa Yurie. Wamebadilisha hadithi nzima kwa ajili yake, sasa mke mpya atakuwa mpole mwenye huzuni moyoni. Kaja kunishukuru na boksi la keki. Kasema bila mimi angeenda akichekacheka tu na kurudi mikono mitupu. Nimekula keki zote kwa hasira.

Jioni Bwana Hatakeda kapiga simu. Kasema nami nimepata kazi kwenye tamthilia hiyo, kila siku, mpaka mwisho. Nikaruka! Nikamwuliza, kazi gani? Akakohoa. Mke wa kwanza. Marehemu. Picha yake itakuwa kwenye kimadhabahu cha nyumbani, na mume atakuwa akiiwekea wali na kuiwashia ubani.

Nimekufa tena. Tena sasa hata kutambaa siruhusiwi.

Nilikataa mara moja. Kisha nikamfikiria mama kule ukumbini, na wale bibi wakimkodolea macho. Nikampigia tena Hatakeda, nikakubali.

Jumatatu, 17 Juni

Nimepigwa picha ya marehemu. Mpiga picha akasema nitabasamu. Nikatabasamu. Akaniomba niache. Tukahangaika hivyo, mzee wa watu jasho linamtoka, mpaka akaweka kamera chini akaanza kunipigisha soga. Kwetu wapi? Akita. Aa, Akita kwenye figili za moshi! Mama bado anazitengeneza?

Nikamkumbuka mama akitoka kwenye kibanda cha moshi, macho mekundu, nywele zinanuka kuni, kashika figili kama kashika upanga, ananiita nionje ya kwanza. Sijui mpiga picha alibonyeza saa ngapi.

Jumatatu, 24 Juni

Leo picha yangu imerushwa hewani. Mume wa tambi kawasha ubani, kapiga magoti, na nyuma ya moshi nikaonekana mimi. Halafu Yurie akapita na bakuli, akaniinamia. Basi. Hata kumeza mate sikuwahi.

Simu ikalia papo hapo. Mama anapiga kelele mpaka nikaisogeza mbali na sikio. "Nimekuona! Mitsue, una meno!" Kasema bibi wa kitanda jirani alimpa pole, maana kwa kweli binti ni marehemu. Mama kamjibu: "Ndiyo, kafa, lakini mtazame alivyo na raha!" Ukumbi mzima ukapiga makofi.

Kisha sauti yake ikashuka. Kasema miaka yote alidhani kazini kwangu ninateswa. Kila wakimwambia nimekufa tena, alikuwa akijiuliza kama baada ya hapo kuna mtu wa kunipa kitu cha moto ninywe.

Nikamwambia yupo. Nikamwambia hunipa supu, na blanketi. Ni kweli kabisa, wala sikuwahi kufikiri kumwambia.

Kesho, kasema, ataniwekea figili mbele ya televisheni.

Jumanne, 25 Juni

Nimeamka na furaha tele. Binadamu kutosheka na alichonacho, hiyo ndiyo hekima. Nimeitafakari hekima hiyo mpaka nikamaliza kupiga mswaki.

Kisha nikajiuliza: yule marehemu, nani kasema alizaliwa peke yake?

Pacha! Pacha hai, mchangamfu, katoka Akita kuja kumlilia dadake, kaupenda mgahawa, kakataa kuondoka! Nimeshampigia simu yule mwandishi. Nimebana pua nikajifanya bibi mtazamaji kutoka makao ya wazee, nikasema ukumbi wetu wote unamtaka pacha. Akaniuliza kwa heshima, Bi Isurugi Mitsue, ni wewe? Nikakata.

Haidhuru. Kesho nitapiga kwa sauti ya kiume.