Chumba cha Mbele

Jumatatu, 3 Machi
Mahakamani tena. Hakimu katuchoka. Kasema mimi na Dada tupatane wenyewe: nyumba ya marehemu Baba ina vyumba viwili, kila mtu achukue kimoja, Ijumaa tumletee jibu. Cha mbele kina mlango wa barabarani, ndimo Baba alimoshonea nguo. Dhahabu tupu! Cha uani ndimo alimofia. Nani anakitaka? Dada kasema atafikiri. Akifikiri nimekwisha.

Jumanne, 4 Machi
Wazo! Dada kaenda sokoni, nami nikapanda juu ya paa na nyundo, nikang'oa misumari ya bati la mbele. Kushuka, nikaanguka. Kiuno hoi. Jirani kauliza nilikuwa natafuta nini huko juu. Nikasema namkumbuka Baba.

Jumatano, 5 Machi
Mvua! Chumba cha mbele chapachapa. Nikamwita Dada, nikaangua kilio: chumba kimeoza, atakayekipata ana mkosi. Msibani sikulia hivi. Dada kasogeza cherehani ya Baba pakavu, akaifuta kwa upindo wa gauni lake.

Ijumaa, 7 Machi
Hakimu kauliza nani achague kwanza. Nikajitia muungwana: mkubwa aanze. Dada kasimama. Kasema alimwahidi Baba kunitazama, hawezi kumwachia mdogo wake chumba kinachovuja. Kibovu achukue yeye, mimi nipewe kizuri cha uani.

Lo! Hakimu kamsifu. Karani kafuta machozi. Mimi nikasukumiwa karatasi ya mapatano niweke sahihi. Ningesema nini? Kwamba bati nimeling'oa mimi? Nikaweka.

Jumapili, 9 Machi
Nimehamia uani. Kitanda kilekile. Godoro limebonyea pale alipolala Baba, nami natumbukia humohumo. Dada alimuuguza humu mwaka mzima. Mimi nilikuja kuzika. Sipendi kulifikiria hilo.

Alhamisi, 13 Machi
Mvua haikatiki. Dada anakohoa huko mbele, kikohozi kilekile cha Baba. Kaniomba, kiuno kikipata nafuu, nipande nimgongelee bati. Na pole akanipa, masikini! Roho imeniuma, kweli imeniuma. Nikaitoa nyundo uvunguni, nikafika nayo mpaka mlangoni.

Hapo nikakumbuka: Dada hana mume, hana mtoto. Mrithi wake ni mimi peke yangu.

Nyundo nimeirudisha uvunguni. Kiuno hiki bado hakijapona.