Viola ya Bwana Stöger

Jumatatu, tarehe 4 Agosti 1884

Nimeyasikia! Nilikuwa nimesimama nyuma ya miwaridi ya Bibi Schlögl, kwa sababu zangu mwenyewe. Dirisha la juu lilikuwa wazi. Bwana Rottmayr, mtunzi anayepanga hapo kila kiangazi, alikuwa akijaribu kwenye piano utungo wake mpya wa ala nne. Sehemu ya polepole. Mara yakatoka mahadhi. Hayakuwa ya juu wala ya chini. Yalipita katikati, kama mtu anayetembea peke yake ndani ya nyumba aliyokulia, akigusa kila kiti. Ziwa likanyamaza. Nyuki wakanyamaza. Miiba iliyoingia mkononi sikuihisi hadi nilipofika nyumbani.

Bibi Schlögl alinifuma hapo. Akataka kujua tangu lini mkuu wa posta mstaafu amekuwa mbuzi wa kula maua ya watu. Nikayasifu maua. Akalainika. Akasema Bwana Rottmayr alitamka mwenyewe wakati wa kahawa kwamba mahadhi hayo ni ya viola, ile fidla kubwa yenye sauti ya katikati. Jumapili atayaleta nyumbani kwa Daktari Pernegger, tunakokutana kupiga, na sisi wanne ndio tutakaoyapiga kwa mara ya kwanza duniani.

Viola! Yaani Stöger! Muuza dawa apigaye viola kana kwamba anatwanga mizizi kwenye kinu!

Na mimi? Mimi ni fidla ya pili, tangu Daktari Pernegger alipokuwa bado na nywele. Fidla ya pili ni bitana ya koti. Bila bitana koti halikai, lakini nani amewahi kuisifu? Daktari hupaa na fidla ya kwanza. Padri Koloman hunguruma na sello yake kubwa kati ya magoti. Mimi huko katikati: tika-tika, tika-tika. Sijapata kupewa mahadhi yangu mwenyewe, hata ya kupumua mara mbili.

Haya nitayapiga kabla sijafa. Nimeapa.

Jumanne, tarehe 5 Agosti

Mkahawani. Nilimweleza Stöger kwamba mtu mwenye vidole kama vyake anapotea bure kwenye viola. Akavitazama vidole vyake kwa mapenzi mapya. Nikapendekeza tubadilishane: yeye achukue fidla yangu, mimi mzee nijitwishe viola yake. Kisha nikashusha pumzi ndefu, ya mtu anayejitoa mhanga.

Akaniuliza, "Mzee Feuchtmoser, unaumwa?"

Nikasema ni urafiki tu. Akasema haya, ikiwa ni urafiki, basi nimwachie pia kiti changu cha dirishani, na haki ya kulisoma gazeti la Vienna kabla yangu. Gazeti! Nimekuwa wa kwanza kulisoma tangu siku zile nilipokuwa nikilitoa mwenyewe kwenye mfuko wa posta!

Nikafumba macho. Mahadhi yakapita. Nikakubali.

Akahamia kitini pangu papo hapo. Akanisomea vichwa vya habari kwa sauti, kisha kila kinachofuata akakisoma kimyakimya, akicheka. Sijui hata sasa ni nini kilichomtokea yule balozi wa kichwa cha kwanza.

Jumatano, tarehe 6 Agosti

Viola ni kubwa kuliko inavyoonekana mikononi mwa mtu mwingine. Bega la kushoto linawaka. Tena noti zake huandikwa kwa ufunguo wake wenyewe, ile alama ya mwanzo wa mstari. Noti niliyoifahamu maisha yangu yote sasa inaitwa jina jingine. Ni kama kuamka asubuhi na kukuta kila jirani amehamia nyumba ya pili.

Dada yangu Walburga, anayenitunzia nyumba, alifunga madirisha yote katika joto hili. Nikamuuliza sababu.

"Mbuzi wa Padri amekujibu mara mbili, Ignaz. Sitaki aje kuposa."

Nikamweleza kwa utulivu kwamba Jumapili ataona. Akasema hana haja ya kungoja Jumapili, ananijua. Nikilazwa kwenye kitanda changu mwenyewe, nitataka kwanza kujua kitanda cha jirani kina joto gani. Kisha akaniwekea madonge ya unga yaliyojazwa tunda la aprikoti. Manne. Kwa kawaida hunipa sita.

Baada ya chakula nilijinyoosha kwenye kochi, viola juu ya kifua. Mawingu yalipita dirishani bila haraka. Kila nilipovuta pumzi, nyuzi zilitetemeka kidogo, kana kwamba kuna mtu ndani anayegeuka usingizini. Nikaota niko posta. Barua zilijifungua zenyewe, moja baada ya moja, na katika kila barua hapakuwa na maneno, bali yale mahadhi. Nikatazama anwani. Zote zilikuwa zangu.

Ijumaa, tarehe 8 Agosti

Ushindi!

Mvua ilikatika mchana. Ukungu ulishuka hadi kwenye maji, na mlima wa ng'ambo ukawa umening'inia hewani bila miguu. Nilijua Bwana Rottmayr hutembea njia ya ziwani wakati kama huo. Nikatokea kwa bahati, baada ya kungoja muda mrefu chini ya msonobari unaochuruzika.

Anatembea mikono nyuma, ndevu zimejaa majivu ya sigara. Aliniruhusu niende naye. Akauliza tunajiandaaje. Nikamjulisha, bila kujisifu, kwamba viola sasa iko kwangu. Akasimama. Akauliza kwa nini mtu aliyezeeka kwenye fidla ya pili aiache leo.

Hapa nilipata ufasaha ambao sijawahi kuupata. Nikamwambia fidla ya pili ni kibarua kisicho na shukrani. Nikamwambia habari za bitana na koti. Nikasema mtu anaweza kukaa kwenye kiti hicho tangu ujana wake, akatika-tika kwa uaminifu, akazikwa, na hakuna mtunzi hata mmoja aliyewahi kumpa mahadhi ya kupeleka kaburini. Sauti yangu ilikatika yenyewe. Sikuigiza.

Bwana Rottmayr akaligeukia ziwa. Kisha akasema polepole, "Kweli, Bwana Feuchtmoser. Hata mimi sijamtendea haki." Akanishika mkono kwa mikono yake miwili, akageuka na kurudi nyumbani kwa hatua za haraka, akiimba puani.

Nimemgusa moyo! Sasa viola ni yangu bila shaka yoyote.

Jumapili, tarehe 10 Agosti

Sebule ya Daktari Pernegger. Madirisha yote wazi, ziwa limelala. Walburga alikaa karibu na mlango, pengine ili akimbie. Bwana Rottmayr akagawa karatasi. Wino ulikuwa mbichi.

Nikafungua sehemu ya polepole. Nikayaona mahadhi yangu, mstari mzima, yamekatwa kwa kalamu nene, kama shamba lililolimwa. Juu yake pameandikwa upya: tika-tika, tika-tika.

Nikamtazama Stöger. Stöger alikuwa akiitazama karatasi yake mdomo wazi. "Padri," alinong'ona, "mbona yote haya ni ya kwangu peke yangu?"

Nikatikatika. Nifanye nini tena? Naye Stöger akaanza kupiga. Alikuwa na hofu, kwa hiyo alipiga polepole na kwa upole, kama mtu anayebeba bakuli lililojaa. Mahadhi yakatoka. Yakapita katikati ya chumba, yakagusa kila kiti, yakatoka dirishani. Daktari akasahau kutukunjia uso. Na mimi huko chini niliyahisi kwenye kidevu, kwenye mbao za viola, kwenye mifupa. Kwa kitambo kifupi sikujua ni nani kati yetu aliyekuwa akiyapiga. Nilihisi kwamba nikinyamaza, yataanguka.

Tukamaliza. Bwana Rottmayr akaja moja kwa moja kwangu, macho yake yana maji. Akaniambia mbele ya wote kwamba mahadhi yalikuwa ya viola hadi Ijumaa, na kwamba ni mimi niliyemfungua macho. Akasema aliyahamisha kwa heshima ya kila mpiga fidla ya pili aliyezikwa mikono mitupu.

Stöger alinikumbatia. Alilia kwenye kola yangu. Ananukia kafuri.

Njiani, tulipofika kwenye daraja, Walburga akasimama. Hapo akasema, "Kaka, leo umepiga vizuri. Nimesikia." Nyumbani nilikuta madonge sita.

Jumatatu, tarehe 11 Agosti

Nimeamka mtu mpya. Nimeelewa. Mahadhi si mali ya mtu. Anayebeba na anayebebwa ni wamoja. Nitabaki na viola, nitatikatika kwa moyo mkunjufu, nitaridhika.

Baadaye, siku hiyohiyo.

Nimekutana na Bibi Schlögl sokoni. Bwana Rottmayr ameanza utungo mwingine, wa ala tano, wenye sello mbili. Na mahadhi makuu ya sehemu ya polepole? Ya sello ya pili! Padri Koloman ana sello kuukuu katika sakristia ya kanisa, haina mwenyewe! Na sello haihitaji bega! Wa kupiga fidla ya pili atapatikana tu.

Nimekwenda mbio kwa Stöger kumrudishia viola yake. Nilidhani atang'ang'ania fidla. Amekubali bila masharti, anasema ameikumbuka sana. Mjinga yule! Hajui anachokirudia.

Mvua imeanza. Ikikatika, nitatokea kwa bahati njia ya ziwani. Ni lazima Bwana Rottmayr aelewe kwa nini nimeacha viola. Nitamweleza kwa ufasaha wote niliojaliwa jinsi viola ilivyo ala iliyosahauliwa, isiyopewa kitu, inayostahili kuhurumiwa.