Tembo Asiyekuwemo kwenye Filamu

Jumanne, 4 Machi

Balaa! Ukumbi wa sinema wa Ponmani unabomolewa. Jumapili utaonyesha filamu ya mwisho, na katika filamu zote za Kitamil wamechagua ile! Ya binti aliyevunja ungo, akakataa kufungiwa ndani, akapanda baiskeli kumfuata kijana wa darasa lake. Enzi zetu wazee waliichania mabango. Mke wangu, Angayarkanni, amesema lazima twende. Amesema kwa macho yake ya zamani.

Shida ni kwamba sijawahi kuiona. Baba alinitoa kwenye foleni kwa sikio, mbele ya watu. Lakini baadaye nikawa fundi cherehani kijana, na binti mmoja aliyeleta blauzi ipunguzwe akauliza filamu ile ina nini hasa. Nikamsimulia. Akarudi blauzi ipanuliwe. Nikaendelea. Mara saba! Nikatia mpaka tembo. Akanikubali. Ndoa ya miaka ishirini na tisa imekaa mgongoni mwa tembo yule.

Alhamisi, 6 Machi

Nimebandika tangazo sokoni: Umoja wa Akina Mama wa Heshima unalaani filamu hii chafu. Umoja wenyewe ni mimi na gundi. Kufika saa nne foleni imezunguka ukumbi, na walio mbele kabisa ni akina mama wa heshima. Angalau tiketi zimekwisha! Ndipo Sornalingam muuza chai, niliyesoma naye, akanichomolea mbili mfukoni. Akasema, zawadi hiyo, bwana, si wewe bingwa wa filamu hii, tangu shule hujanyamaza? Mshenzi.

Jumamosi, 8 Machi

Nimeumwa mgongo tangu alfajiri. Angayarkanni amenichemshia tangawizi kavu na pilipili manga, akanisimamia mpaka tone la mwisho. Kisha akasema nipumzike tu, Baba Kayal, yeye atakwenda na mke wa Sornalingam.

Mgongo umepona.

Jumapili, 9 Machi

Angayarkanni kajaza asumini nywele nzima. Ukumbi unanuka vilevile, vumbi na karanga. Binti akapanda baiskeli, akafika mtoni. Hapo ndipo tembo wangu hutokea. Akapita mbuzi.

Wakati wa mapumziko nikakiri yote. Angayarkanni akaendelea kutafuna karanga. Akasema yeye aliiona wiki ya kwanza kabisa, upande wa wanawake, na shangazi yake, wamejifunika nyuso. Nikauliza, sasa ile blauzi, mara saba, mpaka ikabaki nyuzi? Akaniambia, mwanamume mzima huelewi? Nilitaka kujua tembo anaishia wapi.

Taa zikazimwa.

Jumatatu, 10 Machi

Nimeapa: uongo basi! Nikaenda kunywa chai. Waliokosa tiketi wakanizunguka, eti inaishaje? Kusema kweli, nusu ya pili nzima nilikuwa nikimtazama mke wangu. Sikuona kitu. Nikawaambia wakae. Nikaanza na mafuriko. Nikamleta kuhani mwenye jicho moja. Hata Sornalingam, ambaye aliiona jana, akasahau kumimina chai. Kesho wanataka sehemu ya pili, nami mpaka sasa sijui kuhani yule amefuata nini pale.