Uzinduzi wa Kituo cha Steroidi za Mimea, Kariakoo

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, ambaye ametoa udhuru. Mheshimiwa Mwakilishi wa Mgeni Rasmi, ambaye ni mimi. Waheshimiwa Wajumbe wa Kamati Shirikishi ya Uratibu wa Istilahi za Kemikali za Mimea Zenye Umbo la Steroidi, ambayo mwenyekiti wake, kwa unyenyekevu mkubwa, ni mimi pia. Viongozi wa dini. Viongozi wa wachukuzi wa mikokoteni. Mzee Turki wa duka la vitambaa, ambaye umeme wa kipaza sauti hiki unatoka dukani kwake. Wakazi wa Kariakoo, Gerezani na Ilala, na nyie ndugu zetu wa Upanga mliosimama kule kivulini kwa sababu njia mliyokuja nayo tumeifunga kwa turubai. Mabibi na mabwana, itifaki imezingatiwa, na kama kuna mtu sijamtaja, basi ajihesabu ametajwa moyoni mwangu. (Makofi. Honi ya bajaji.)

Ndugu wananchi, leo Kariakoo inaandika historia. Katibu wangu, Bi Benedikta, ameniomba niseme kwa ufupi, na nitasema kwa ufupi, ila ufupi wenyewe nao unahitaji utangulizi. Nikisema "Pete nne!" mnaitikia "Maendeleo!" Pete nne! ("Maendeleo," wanaitikia watu wachache walio karibu na kreti za soda.)

Steroidi ni nini? Wengi wenu mkilisikia neno hili mnawaza wale vijana wa jimu wenye shingo nene kama kinu. (Kicheko.) Ondoeni mtazamo huo hasi. Steroidi ni familia ya kemikali, na kila mwanafamilia, awe wa mnyama au wa mmea, amejengwa juu ya pete nne zilizoshikana, tatu za pembe sita na moja ya pembe tano, ambazo wanasayansi wa dunia, baada ya tafakuri nzito, wamezipa majina A, B, C na D. Zile za mimea mnapishana nazo kila siku: zimo kwenye uwatu, zimo kwenye mkonge, zimo kwenye baadhi ya viazi vya porini. Nyingine ukizitikisa ndani ya maji zinatoa povu, nazo huitwa saponini. Saponini ikiwa na sukari zake ni saponini. Ivue sukari, inabaki sapojenini. Ni kama mimi: nikiwa na wadhifa naitwa Mheshimiwa, nikivuliwa wadhifa nabaki Athanas. (Sauti kutoka nyuma: "Vua basi tuone!" Kicheko kirefu.) Huyo wa mkokoteni nimemwona. Shaibu, nakufahamu wewe.

Sasa basi, ndani ya uwatu kuna diosijenini. Hilo ni jina lake la nyumbani. Jina la kwenye pasipoti ni spirosti-tano-ini-tatu-beta-oli. Narudia kwa faida ya vyombo vya habari: spirosti-tano-ini-tatu-beta-oli. (Mwandishi pekee aliyealikwa ameshaenda kunywa chai.)

Tujiulize kama taifa: ni sawa, katika zama hizi za dijitali, mama akae kwenye kona ya Kariakoo na gunia la uwatu, apime kibaba, afunge kwenye gazeti, ampe mteja, mteja ampelekee mzazi, mzazi apikiwe uji, maziwa yajae, mtoto ashibe alale, na katika mnyororo mzima wa thamani asipatikane hata mtu mmoja aliyetamka spirosti-tano-ini-tatu-beta-oli? (Akina mama, kwa pamoja: "Sawa tu!") Si sawa! Hatuwezi kwenda hivyo.

Ndiyo maana Kamati yangu iliazimia kwamba uwatu usiuzwe kwenye kona ile mpaka kemikali yake ipate jina rasmi la Kiswahili, lijadiliwe, lithibitishwe, lichapwe na kubandikwa. Na ndiyo maana Bi Saadiya, mama yetu huyu aliyekaa mbele, ambaye kona ile aliirithi kwa mama yake naye akairithi kwa mama yake, aliombwa kwa heshima apishe mradi, akasaidiwa kwa heshima kubebewa meza, na sasa ametandika mkeka wake Gerezani, katikati ya springi na rejeta za magari, mahali ambapo, kwa mujibu wa tathmini yetu, ndugu wa wazazi hawapiti kwa wingi. (Bi Saadiya anasimama: "Mheshimiwa, mimi sina makubwa. Nataka kona yangu. Kule Gerezani naulizwa plagi, siulizwi uwatu. Wateja wananitafuta hawanioni, na kazi nyingine mimi siijui.") Mama, shikamoo. ("Marahaba. Kona yangu?") Mama, swali lako limepokelewa. Limepokelewa, litachakatwa, na tutaliingiza kwenye rodimapu. (Miguno.)

Msigune. Kamati haikulala. Tulikwenda Bagamoyo kujadili jina, tukaona upepo wa bahari unapeperusha makabrasha, tukahamia Morogoro. Mahudhurio yalikuwa asilimia tisini na nane, na saa ya chakula cha mchana yalifika asilimia mia moja na nne. (Makofi kutoka kwa Wajumbe.) Kundi moja likataka diosijenini iitwe "kiinipovu". Kundi jingine likasema povu linashusha hadhi ya nchi. Akatokea mjumbe mmoja, nadhani usingizi ulikuwa umemzidi, akapendekeza tumuulize muuzaji mwenyewe anaiitaje. Tukatuma mtu kwa Bi Saadiya, akajibu anaiita uwatu. Tuliona jibu halina upana wa kimkakati.

Jina likashindikana, tukasonga mbele kwenye jengo, kwa sababu uongozi ni kusonga mbele. Na hapa naomba mtazame ile picha kubwa iliyobandikwa kwenye uzio wa mabati. Hilo, ndugu zangu, ni jengo la kwanza katika ukanda wetu kusanifiwa kwa umbo la steroidi: vyumba vitatu vya pembe sita, kimoja cha pembe tano, Pete A hadi Pete D. Kila pembe ina mlango, na milango imepewa namba moja hadi kumi na saba, kama kaboni zinavyohesabiwa. Kati ya mlango wa tano na wa sita kutakuwa na korido mbili badala ya moja, kwa sababu diosijenini ina kifungo maradufu mahali hapo, na sisi si watu wa kulipua kazi. Choo kitakuwa mlango wa tatu, upande wa beta, kwa kuwa hapo ndipo penye haidroksili, yaani oksijeni na hidrojeni, yaani bado kidogo iwe maji. (Mzee Turki: "Hiyo bado kidogo itatuletea harufu!" Kicheko.) Fundi mmoja wa Ilala alitupinga, akasema nyumba ya namna ile haina pa kuweka ngazi. Tulimjibu kwamba sayansi haiendi kwa ngazi. Akaondoka na futi yake.

Nani angeweza kuwaza haya? Mimi. Nilisomea uhasibu, sikatai, lakini maono hayana cheti. Leo ninavyozungumza, mradi umekamilika kwa asilimia themanini na saba, ukijumlisha na nia. Utaajiri vijana, utawawezesha kina mama, utafanya wageni washuke uwanja wa ndege waulize, "Pete D iko wapi?" Pete nne! ("Maendeleo!") Uwatu bila jina! (Hakuna anayejibu, kwa sababu hakufundishwa mtu.) Mnasema "Umepitwa!" Steroidi zetu! ("Umepitwa!") Hapana, hapo mnasema "Fahari yetu!" Basi, tuache. Bi Benedikta, mkasi.

(Utepe unakatwa. Lango la mabati linavutwa. Ndani kuna nyasi, chupa tupu za maji na gari la Mheshimiwa.)

Msisukumane. Naomba nimalizie kwa shukrani. Namshukuru mchoraji wa picha ile, maana bila yeye leo tungezindua nini? Nawashukuru wauza mabati kwa uzio imara, ambao umefanya watu wote hawa waamini kwamba ndani kuna kitu, na nitakuwa mnafiki nikisema hata mimi sikuanza kuamini. Namshukuru mkandarasi, ambaye hatukuwahi kumteua, hivyo hajatusumbua kwa lolote. Nawashukuru Wajumbe, maana fungu la jengo liliishia kwenye kutafuta jina, na jina hatukulipata, lakini tulilitafuta kwa umoja. ("Kituo kiko wapi?" watu wanapiga kelele. "Kiko wapi?") Swali zuri. Na zaidi ya wote nakushukuru wewe, Bi Saadiya, uliyepisha mradi bila… Mama, unaenda wapi? Mama, hilo ni eneo la Kamati!

(Bi Saadiya amempungia Shaibu mkono. Mkokoteni unaingia langoni na gunia juu yake. Mkeka unatandikwa palepale kwenye kona yake ya zamani. Akina mama wanatoka chini ya turubai, mmoja baada ya mwingine, na foleni inaanza kupinda kuelekea dukani kwa Mzee Turki.)

Ndugu zangu, tulieni kwenye viti! Wimbo bado haujapigwa! Bi Benedikta, hata wewe? Na huyo mwenye kilemba cha njano, wa kwanza kabisa kwenye foleni, huyo si… Theopista? Mke wangu? (Bi Theopista: "Binti yako kajifungua, baba. Wiki nzima natafuta uwatu mji huu naambiwa aliyekuwa anauza kahamishwa. Kumbe ni wewe!" Soko zima linacheka. Bi Saadiya naye anacheka, kibaba mkononi.)

Basi. Mabibi na mabwana, kama mnavyojionea kwa macho yenu, Kituo kimeanza kutoa huduma. Asanteni sana kwa kunisikiliza. Bi Saadiya, mpimie huyo vibaba viwili, maziwa ya mwanangu hayajajaa na mtoto analia. Dereva! Hebu sogeza hilo gari, mama apate pa kukaa.