Dawa ya Mahindi Imegoma Kuhama Shambani

Mandawa, Ruangwa
11 Machi

Ndugu Afisa Ugani wa Kata,

Pole na majukumu, na hongera kwa pikipiki mpya. Mimi ni mkulima mtiifu, ila safari hii nimeudhika.

Bi Mwantumu, mama yake Samia ninayemposa, alinipa ekari moja niilime misimu miwili, aone kama binti yake ataolewa na mkulima au na mpiga soga. Mwaka jana nilipanda mahindi, nikapiga dawa ya magugu, nikavuna vizuri. Mwaka huu nimepanda ufuta. Umeota, ukawa njano, ukafa wote. Ijumaa mama mkwe anakuja kukagua, na nina hofu, sikufichi. Malalamiko yangu ni haya:

1. Unasema dawa ya mwaka jana bado imo ardhini kwa sababu nilizidisha. Chupa ilikuwa ya ekari nne, kweli, lakini zahanati wanatuhimiza kila siku tumalize dozi hata tukipata nafuu. Magugu yalikufa raundi ya kwanza. Mimi nikamaliza dozi. Leo utiifu umekuwa kosa?

2. Dawa iliitwa kwa ajili ya mahindi. Mahindi yameshaliwa, yenyewe imebaki inafanya nini? Naomba uiandikie barua ya kuhama, yenye muhuri. Nakala kwa mtendaji.

3. Ng'ambo ya mpaka wa shamba, ufuta wa jirani yangu Tomasi umefika kiunoni. Tomasi hata mchumba hana.

4. Kwa kuwa barua itachelewa kufika huko chini, naomba mniazime ufuta wa shamba darasa, lile mnalotufundishia. Tuung'oe Alhamisi, tuuchomeke kwangu, tuurudishe Jumamosi. Mama mkwe haoni vizuri kwa mbali, nami nitamwandalia chai mbali.

Wasalimie nyumbani, na Mama Teodosia wa duka la pembejeo, ingawa nina neno naye kwa kuniuzia chupa ile.

Mimi mkulima wako mwenye subira inayoelekea kwisha,
Harithi

Nyongeza: Bi Mwantumu amekuja leo, kabla ya siku. Amezunguka shamba lote mikono nyuma akitafuta gugu, hakupata hata moja. Nilipofungua mdomo nikusingizie, akaniwahi: "Ufuta hata Samia anajua kuotesha. Palizi ndiyo imetushinda nyumba nzima."

Nimekubaliwa. Barua ya kuhama usiiandike, dawa na ikae. Ila kesho asubuhi natakiwa nikapalilie ekari zake tatu, kwa mkono, ukoo wote ukitazama. Tafadhali wahi kabla ya hapo, unionyeshe jembe linashikwaje.