Baba wa Dada Yangu

Chapwa, Jumatatu, 2 Juni 1952
Mke wangu Fides kanikimbia. Karudi kwao Isansa na mtoto, hadi nipate kazi ya kueleweka. Sikulala. Lakini leo, tumaini! Dada yangu Elizabeti na mumewe Osea wamekuja likizo kutoka migodini Rodesia. Osea anasema ameruhusiwa kumchukua mzazi mmoja wa mkewe, akaishi nao moja kwa moja. Elizabeti ni mjamzito, anamtaka Mama. Mama kakataa: nani atavuna maharage yake? Nafasi ipotee bure? Haipotei! Baba yetu Efraimu ni marehemu, ila wazungu wa mpakani hawakuja mazikoni.

Jumatano, 4 Juni
Nimejipaka jivu kichwa kizima. Najifunza kukohoa. Elizabeti kasema hawezi kumwita kaka yake baba. Nikamlilia, nikamtajia mwanangu. Kakubali, ila hanitazami usoni. Jirani yetu Jairo kapita, kauliza nimefiwa na nani. Hasidi!

Ijumaa, 6 Juni
Balaa! Mama alitusindikiza hadi mpakani, kanibebea na mzigo. Mimi na fimbo, mgongo nimeukunja hadi unauma kweli. Mzungu kauliza umri. Nikasema sabini. Akamgeukia Mama: huyu ndiye mumeo?
"Mungu apishe mbali!" Mama kapiga yowe. "Huyu nimemzaa mimi!"
Mzungu kacheka hadi kavua miwani. Kisha akauliza kama Elizabeti naye ni wake. Ni wangu, Mama akasema. Basi kibali ni chako, pita, Mzungu akamwambia. Elizabeti akamshika Mama mkono, analia. Mama akalitazama lile tumbo. Akanitazama mimi.
"Boazi, mwanangu, maharage uyavune."
Akapanda nao lori la migodini. Na mzigo wangu. Na blanketi langu!

Jumapili, 8 Juni
Sikwenda kanisani. Baridi. Nimejifunika gunia. Ugali nimepika mwenyewe, mbichi katikati. Fides kapata habari, kaagiza nisithubutu kumfuata. Nimelia. Nyumba nzima hakuna wa kuniuliza nina nini.

Alhamisi, 12 Juni
Maharage yanapasukia shambani. Jairo kajitolea kunisaidia kuvuna kesho. Sina nafasi! Dereva wa lori kaleta salamu: Mama kafika salama. Kadokeza pia kwamba mzazi aliyepata kibali anaweza kumwita mwanawe, mradi awe bado mtoto, hajaota ndevu.
Nimekwenda kwa Jairo mbio. Nimeazima wembe. Na kaptura ya mwanawe.