Kirudishi na Suruali ya Bwana Nyama

Jumatatu, 4 Machi

Shangazi ametangaza. Kati yetu wawili, atakayefika Ijumaa bila kuharibu nguo ndiye atakayepewa meza ya kukatia vitambaa na ule mkasi mkubwa. Wawili wenyewe ni mimi na binti yake, binamu yangu, tunayemwita Sentimita kwa sababu hupima hata kipande cha sabuni. Miaka miwili napiga pasi na kushona vifungo. Yatosha. Meza ni yangu. Nimeshachonga herufi ya jina langu chini yake.

Nina mpango. Fundi saa wa mlango wa pili ameniazima kirudishi, kwa sharti nimfagilie duka wiki nzima. Kila mwenye kazi mjini anacho. Mwokaji akiunguza mkate, anabonyeza namba ya saa, muda unarudi, mkate unakuwa unga. Kinyozi wetu hukitumia kila siku. Wateja hawajui kwamba walishanyolewa upara. Anayebonyeza ndiye pekee anayekumbuka. Kinafanya kazi mara moja kwa siku, na ulichokishika hakirudi nyuma. Shangazi hataki hata kukisikia. Sawa. Hatakisikia.

Jumanne, 5 Machi

Saa nane mchana nimeunguza suruali ya suti ya Bwana Nyama, muuza nyama anayeoa Jumapili. Alama ya pasi kwenye makalio, kubwa kama kwato. Sikubabaika. Nilitaka kurudi saa saba, kabla sijachomeka pasi. Nikabonyeza saba, suruali mkononi.

Duka limefungwa kwa nje. Ndani mimi peke yangu. Saa ya ukutani inasema saa moja asubuhi. Kirudishi kina mbwembwe kumbe. Suruali nzima inaning'inia kwenye hanga, iliyoungua ninayo mkononi. Nikaisokomeza nyuma ya marobota ya vitambaa.

Saa mbili shangazi akafungua, akanikuta nimekaa. Akauliza nimeingilia wapi. Nikamjibu kwamba mfanyakazi hodari hahitaji mlango. Akaenda kukagua kufuli. Nimeshona upya vifungo vilevile sitini nilivyokwisha kuvishona. Ila chakula cha mchana nimekula mara mbili, na leo sikuunguza kitu. Akili ni nywele, na zangu kipilipili.

Jumatano, 6 Machi

Shangazi anasema mkunjo wa suruali haujanyooka, nirudie. Sentimita akacheka, eti nashika pasi kama nasukuma toroli. Nikaona nimfundishe pasi inavyoshikwa, kwa maneno na kwa mikono yote miwili. Pasi yenyewe ikabaki juu ya suruali.

Nikabonyeza saba tena, kwa nguvu, maana jana huenda nililegeza kidole. Saa moja asubuhi. Mlango umefungwa. Nyuma ya marobota sasa ziko mbili. Shangazi ameuliza kama nimehamia dukani, aniletee godoro. Nadhani ameanza kunikubali.

Alhamisi, 7 Machi

Sikugusa pasi. Nilisema mkono unauma. Meza inakaribia.

Ijumaa, 8 Machi

Bwana Nyama amekuja kujaribu. Suti imemkaa barabara. Shangazi kwa furaha akavuta robota amtafutie kitambaa cha leso ya mfukoni. Suruali mbili zikamwangukia miguuni.

Kitambaa kilichokatwa kilikuwa cha suruali moja tu. Bwana Nyama akauliza kwa upole nani amesema ana miguu sita. Sentimita akazipima zote. Zinalingana hadi milimita. Shangazi akanigeukia. Nikasema ni panya. Akataka kujua ni panya wa wapi huyo anayepiga pasi.

Meza amepewa Sentimita. Ameniambia pole kaka, kisha akaanza kukata kaptura za watoto kutoka kwenye suruali zangu. Juu ya herufi yangu.

Jumamosi, 9 Machi

Nimemrudishia fundi saa kirudishi chake na kumweleza kwamba ni kibovu, nikitaka saa saba kinanipeleka saa moja. Alicheka mpaka miwani ikadondoka. Akasema mwanangu, namba za humo ni zile za kwenye uso wa saa, si tunazotaja mdomoni. Yataka uongeze sita. Alipomaliza kucheka alinikabidhi tena, kwa wiki moja zaidi ya kufagia.

Kumbe ndivyo. Sasa nimeelewa, na Sentimita ajiandae kuhama. Saba ukiongeza sita ni kumi na tatu. Nimekikagua mbele na nyuma. Namba zinaishia kumi na mbili.

Fundi mzima, mvi kichwani, na amesahau namba moja. Sikumwaibisha. Nimechukua chaki ya shangazi nikaichora mwenyewe, pembeni, kubwa, inaonekana vizuri. Jumatatu saa nane juu ya alama nachomeka pasi.